Misumari Themanini na Nne

Mambo yaliharibika Jumanne, tarehe kumi na nne ya mwezi wa tatu, saa sita na dakika ishirini mchana.

Asubuhi yake hapakuwa na dalili yoyote. Sindano aliamka, akafagia karakana iliyokuwa chumba cha mbele cha nyumba yao, akapitisha sumaku sakafuni kuokota misumari midogo iliyodondoka jana yake, akanywa chai, akavaa sare. Alikuwa na miaka kumi na miwili. Jina la Sindano alipewa na wenzake shuleni kwa wembamba wake, na kwa kuwa baba yake alikuwa fundi wa makochi. Nyumbani nako likakubalika, likabaki.

Baba yake siku hiyo hakugusa nyundo. Alinyoa ndevu, akavaa koti aliloolea, akasimama mbele ya ubao uliotundikwa ukutani karibu na cherehani. Kwenye ubao huo, kila mwisho wa mwezi akitoka kulipa mkopo wa nyumba, alikuwa akigongomea msumari mmoja wa kochi. Miaka saba sasa. Hata mwezi aliofiwa na mkewe, mkopo ukiwa mchanga kabisa, alizika Jumatano, Ijumaa akaenda benki, akarudi, akagongomea.

"Hesabu tena," alimwambia bintiye.

"Baba, jana nimehesabu mara tatu."

"Ya nne haiumi."

"Themanini na nne."

"Na ile ya kugawanya?"

Sindano aliikariri kama wimbo. Mwaka uliopita baba alikuwa amemwomba amfanyie hesabu: mkopo milioni thelathini, gawanya kwa laki tatu na elfu sitini za kila mwezi. Jibu lilikuwa themanini na tatu na kipande. Maana yake, mwezi wa themanini na nne deni limekwisha. Na msumari wa themanini na nne ulikuwa pale, unang'aa.

"Basi nenda kachukue hati yetu," alisema Shangazi kutoka jikoni. Alikuwa dada mkubwa wa baba, aliyehamia kwao tangu msiba. "Na usirudi na maneno, rudi na karatasi. Nimeagiza kreti mbili za soda, majirani wanakuja saa saba."

Kengele ya shule ililia saa sita. Sindano alitembea mbio mbio, na dakika ishirini baadaye alisukuma mlango wa karakana. Alimkuta baba amekaa kwenye kochi la mteja ambalo halikuwa limetiwa sponji wala kitambaa, juu ya springi tupu, na hakuonekana kama anazisikia. Koti la harusi lilikuwa sakafuni.

"Baba, hati iko wapi?"

"Wanasema nadaiwa."

"Unadaiwa nini?"

"Milioni ishirini na mbili, laki moja na elfu sitini."

Shangazi alitoka jikoni na mwiko mkononi. "Milioni ishirini na mbili za nini? Si umelipa zaidi ya thelathini? Umekunywa nini huko?"

"Dada, niache."

"Sikuachi! Uliwaambia umelipa kila mwezi? Uliwaambia hata siku moja hujachelewa?"

"Afisa wa pale kaniambia wanajua. Kasema mimi ni mteja mzuri sana."

Saa saba majirani walikuja, wakaelezwa nusu ya habari, wakaondoka wakitembea polepole kama watu watokao hospitali. Shangazi alirudisha soda dukani. Mwenye duka akakataa kupokea chupa tatu zilizokwisha kufunguliwa.

Sindano hakula. Hesabu ile ilikuwa yake. Yeye ndiye aliyemwambia baba themanini na nne, kwa sauti ya mtu anayejua. Alijiona kama amemsukuma baba yake barabarani katikati ya watu akiwa amevaa koti la harusi.

Jioni baba aliongea kidogo. Alisema kulikuwa na kijana pale benki, afisa wa mikopo mwenye tai nyembamba, aliyemwonea huruma. Kijana huyo alimpa karatasi na kumwambia asihangaike. Ijumaa saa tatu aende kutia sahihi, na marejesho yake yatashuka. Badala ya laki tatu na elfu sitini, atalipa laki mbili na elfu arobaini na nne tu.

"Angalau huo ni msaada," alisema Shangazi.

"Ni msaada," alisema baba, macho yakiwa chini.

Watu wa ofisini, wa viti vya kuzunguka, wana huruma ya namna hiyo. Humfikia mtu ikiwa imeshachapwa, imeshapigwa muhuri, imebaki sahihi yake tu.

Kesho yake darasani, jirani yake wa dawati, mvulana aitwaye Goti kwa sababu kila wiki huanguka na kuchubua goti lile lile, alimwinamia sikioni.

"Nasikia soda za kwenu zimerudi dukani kwa miguu yake."

"Na wewe goti lako limerudi dukani kununua ngozi mpya?"

"Basi, basi, usinichome, Sindano."

Lakini Sindano hakucheka. Kipindi kilipokwisha alimfuata mwalimu wa hesabu, mwanamke mrefu mwenye chaki hadi kwenye nyusi, akamweleza yote huku akiangalia viatu vyake mwenyewe.

"Mwalimu, nilikosea wapi?"

Mwalimu alifanya ile hesabu ya kugawanya ubaoni. "Hukukosea. Jibu lako ni sahihi kabisa. Ila umejibu swali ambalo benki haikuuliza. Umeiacha riba nje ya mlango. Nyumbani kuna karatasi yoyote iliyotoka benki?"

Zilikuwapo. Kila mwanzo wa mwaka benki ilileta bahasha ya kaki, nene, yenye karatasi ngumu. Mama ndiye aliyekuwa msomaji wa nyumba ile, na ndiye aliyejaza fomu za mkopo; baba aliishia darasa la nne. Tangu mama aondoke, baba alizipenda bahasha hizo kwa jambo moja tu: zilifaa kuandikia vipimo. Zilining'inia kwenye waya juu ya meza ya kukatia, zote saba, mgongoni zimejaa kalamu ya risasi. Kochi la watu watatu, upana kadhaa. Stuli mbili za mama wa bucha. Hakuna hata bahasha moja iliyofunguliwa.

"Baba, nizifungue?"

"Fungua. Ila usichane vipimo vya mama wa bucha, hajalipa."

Alhamisi mchana mwalimu alitandaza karatasi za mwaka wa kwanza mezani. Zilikuwa na safu nne za tarakimu: malipo, riba, msingi wa deni, na salio.

"Riba ya mkopo huu ni asilimia moja kila mwezi," alisema. "Yaani kila mwezi benki inaangalia deni lililobaki, na kwa kila shilingi mia inataka shilingi moja. Mwezi wa kwanza deni lilikuwa milioni thelathini. Riba ni ngapi?"

"Laki tatu."

"Baba alilipa ngapi?"

"Laki tatu na elfu sitini."

"Deni lilipungua kwa kiasi gani?"

Sindano alitoa kwa kalamu. "Elfu sitini, Mwalimu. Elfu sitini tu?"

"Elfu sitini tu. Mwezi wa pili deni ni dogo kidogo, kwa hiyo riba ni ndogo kidogo, na msingi, yaani deni lenyewe, unakatwa zaidi kidogo. Ndivyo inavyokwenda, polepole, kwa miaka kumi na mitano. Haya, sasa lete ile karatasi ya nafuu. Laki mbili na elfu arobaini na nne, kwa miezi mingapi?"

Idadi ya miezi ilikuwa ukurasa wa tatu, chini, kwa herufi ndogo kama mayai ya chawa. Miezi mia mbili na arobaini. Sindano alizidisha. Akafuta. Akazidisha tena. Kisha akamtazama mwalimu wake, na mwalimu akamwitikia kwa kichwa.

"Ndiyo," alisema. "Umeona. Sasa kazi ni kumwonyesha baba yako."

Kumwonyesha haikuwa kazi rahisi. Baba alikuwa anavuta kitambaa kwenye kiti cha mikono, misumari mitano imebanwa katikati ya midomo.

"Mambo ya benki si ya watoto," alisema kupitia misumari.

"Baba, dakika kumi tu."

"Kesho natia sahihi, yanakwisha."

"Hayaishi, Baba. Yanaanza upya."

Nyundo ilisimama. Sindano hakungoja ruhusa. Alichukua makopo mawili ya rangi yaliyokwisha, akayaweka mezani, akahesabu misumari thelathini na sita kutoka kwenye sanduku.

"Kila msumari ni elfu kumi. Hii ndiyo laki tatu na elfu sitini uliyolipa mwezi wa kwanza. Kopo hili ni la riba ya benki. Hili ni la deni letu." Alianza kudondosha. Misumari ililia kwenye kopo la riba mmoja mmoja, mpaka thelathini. Kwenye kopo la deni ikaingia sita.

Baba aliitema misumari mkononi. "Sita?"

"Sita."

"Nilishona makochi mawili kwa hela ile. Nikapata sita?"

"Lakini angalia mwezi huu tulio nao." Alimwaga makopo, akahesabu upya thelathini na sita. "Riba ni ishirini na miwili. Kwenye deni inaingia kumi na minne. Umeona, Baba? Umeupanda mlima. Sasa tunaanza kuteremka. Na hii ndiyo karatasi ya kesho." Alihesabu misumari ishirini na minne tu. Ishirini na miwili iliingia kwenye riba. Kwenye kopo la deni iliingia miwili, na sauti yake ilikuwa ndogo mno.

Shangazi, aliyekuwa mlangoni muda wote, aliuliza, "Mpaka lini?"

"Miaka ishirini, Shangazi. Jumla ni milioni hamsini na nane na nusu na ushee. Tukiendelea kama tulivyo, imebaki miaka minane, milioni thelathini na nne na nusu na ushee."

Baba aliegemea meza. Aliyatazama makopo mawili kama mtu aliyeonyeshwa mwizi wake na kukuta ni mtu wanayesalimiana naye kila siku.

"Nafuu," alisema. "Alisema nafuu. Milioni ishirini na nne zaidi, na mimi nilimshukuru! Kesho nakwenda kuvunja kile kioo chao cha mlangoni."

"Vunja," alisema Shangazi. "Watakiandika nacho kwenye deni, na riba juu."

Baba hakutaka kucheka, ila alicheka. Sindano naye akapata nguvu ya kusema la mwisho. Aliongeza misumari kumi juu ya ile thelathini na sita, akaidondosha yote kumi kwenye kopo la deni.

"Riba ikishakula ishirini na miwili yake, imeshiba. Chochote tunachoongeza hakiliwi tena. Tukiongeza laki moja kila mwezi, tunamaliza kwa miezi sitini na sita badala ya tisini na sita. Mwalimu kanihakikishia."

"Laki moja naitoa wapi, mama? Nijikate kidole?"

Hapo Shangazi alipiga teke gunia lililokuwa nyuma ya mlango, gunia la vipande vya vitambaa na mabaki ya sponji walivyovitupa kila wiki. "Hili nalo tunamlipa mzoa taka alichukue," alisema. "Mto mmoja wa kochi sokoni ni bei gani?"

Ijumaa saa tatu kasoro robo walikuwa benki, wote watatu. Sindano alikuwa na ruhusa ya mwalimu. Ukumbi ulijaa watu wenye vikaratasi vya namba mikononi, na kalamu za mezani zilikuwa zimefungwa kwa kamba, kana kwamba wateja ndio wezi mahali pale.

Afisa mwenye tai nyembamba aliwapokea kwa tabasamu. "Karibu, mzee wangu. Leo umekuja na ukoo mzima! Tia sahihi hapa, hapa, na hapa."

Baba aliishika kalamu, akamgeukia bintiye. "Uliza."

Sindano alisogea mbele ya meza. "Samahani, kaka. Jumla yake ni shilingi ngapi?"

"Jumla ya nini, mdogo wangu?"

"Ya malipo yote. Mpaka mwezi wa mwisho."

"Ah, hiyo si ya kuangalia sana. La muhimu ni unafuu wa kila mwezi."

"Nimekuelewa. Lakini naomba uitafute kwenye kompyuta, utusomee kwa sauti. Baba hasomi vizuri."

Afisa alimtazama, akatazama foleni, akagonga vitufe.  Jumla ilipotokea, aliitaja chini chini.

"Kwa sauti, kijana," alisema baba. "Siku ya kunipa nafuu ulikuwa na sauti."

"Milioni hamsini na nane, laki tano na elfu sitini."

Vichwa vya waliokuwa kwenye foleni viligeuka. Kisha mwanamke mmoja kwenye foleni, mwuza nguo za mtumba aliyebeba furushi lake kichwani, akasema kwa nguvu, "Na mimi! Nilitia sahihi karatasi kama hiyo mwezi uliopita. Yangu jumla ni ngapi?"

"Na yangu?" aliuliza mzee mmoja.

"Nami naomba nisomewe!"

Mlinzi wa mlangoni alisogea, halafu akaonekana amekumbuka kitu, akatoa karatasi yake mwenyewe mfukoni, akajiunga na foleni.

Baba aliiweka kalamu mezani bila kutia sahihi popote. "Hii ya nafuu sitaki. Naendelea na ile ya zamani. Ila sasa niambie, nikiongeza laki moja kila mwezi, inakwenda wapi?"

"Kwa kawaida inawekwa kama malipo ya mwezi unaofuata, mzee."

"Mimi siitaki ikae inasubiri. Naitaka ikate msingi wa deni siku hiyo hiyo."

"Hiyo mpaka mteja aandike barua."

Sindano alilifungua begi lake la shule, akatoa barua katikati ya daftari la hesabu. Aliiandika yeye, mwalimu alisahihisha, baba alitia sahihi kwa herufi zake kubwa. Nakala zilikuwa mbili.

"Moja yenu, moja yetu," alisema. "Naomba muhuri kwenye zote mbili, kaka."

Muhuri ulipigwa. Mara mbili. Shangazi hakuweza kujizuia. Alipiga kigelegele mle mle ndani ya benki, na wale wa kwenye foleni wakamwitikia.

Haikuwa safari nyepesi, na asiye na kazi ya mikono asije akasema ilikuwa nyepesi. Kila Jumamosi nyumba ile ilikuwa kiwanda cha mito. Baba alikata, Shangazi alishona, Sindano alijaza mabaki ya sponji mpaka akakohoa nyuzi. Mito ishirini na mitano ilihitajika kutimiza laki, na kuna mwezi iliuzwa kumi na nane tu, wakala maharage tupu ili ile saba ijazwe. Kila bahasha ya kaki iliyoingia ilifunguliwa siku hiyo hiyo, mezani, mbele ya watu wote watatu, na Sindano akasoma safu ya salio kwa sauti. Mwaka wa pili walikuta laki moja ya mwezi mmoja haikukatwa kwenye msingi. Baba akachukua nakala ya barua yenye muhuri, akaenda peke yake, akarudi imesahihishwa. Siku hiyo alitembea barabarani kama mtu aliyerefuka.

Miezi sitini na sita baadaye, deni lilifika sifuri. Sindano alikuwa amekaribia kumaliza sekondari, mwembamba vile vile. Walipokea hati ya nyumba kwenye meza ile ile, na safari hii meneja mwenyewe alitoka ofisini na mpiga picha. Alitaka picha ya mteja bora wa mwaka, aitundike ukutani.

Baba aliishika hati kwa mikono miwili, akamwambia bintiye kwanza, meneja akisubiri.

"Nisikilize, mama. Mimi nilijua kufanya kazi, sikujua kuuliza. Niliona kiasi cha mwezi, nikadhani nimeiona bei ya nyumba. Usitie sahihi kwenye kitu chochote kabla hujaambiwa jumla, uizidishe mwenyewe, na ukiona aibu kuuliza, uliza na hiyo aibu yako. Nilikaa na ukweli miaka saba juu ya meza yangu ya kukatia, nikauandikia vipimo vya stuli. Hilo ni kosa langu, sitamsingizia mtu."

Kisha akamgeukia meneja.

"Hili la pili si langu. Mteja akiniletea kochi, namtajia bei yote kabla sijang'oa msumari mmoja, na mimi ni mtu wa darasa la nne. Ninyi mna kompyuta. Siku ile ya kwanza kabisa, kabla mke wangu hajashika kalamu, mashine yenu ilikuwa inajua kwamba milioni thelathini zitanigharimu karibu milioni sitini na tano. Nitapigwa hiyo picha yenu. Ila nijibu kwanza kwa nini hamkuitaja."

Meneja alicheka kidogo, akarekebisha koti. Alisema hilo ni suala la makao makuu. Sindano aliwaandikia makao makuu wiki hiyo hiyo, na makao makuu wakajibu kwamba barua imepokelewa. Picha haijapigwa. Nafasi yake ukutani ipo mpaka leo, na watu wanaosubiri kwenye foleni huambiana habari yake, kisha wanaulizana swali la fundi wa makochi: kama jumla inajulikana tangu siku ya kwanza, kwa nini haiandikwi kwenye ukurasa wa kwanza?